Samaki wa Ijumaa: jinsi mito iliyochoka ilivyoipeleka Ulaya ya zama za kati kwenye mabwawa na baharini

Kuna rundo la mifupa midogo lililowalazimisha wanahistoria kuandika upya sehemu ya habari za Ulaya. Mwaka 2004 James Barrett, Alison Locker na Callum Roberts walichapisha matokeo ya kuchambua mifupa ya samaki kutoka mikusanyo 127 iliyofukuliwa Uingereza, yote ya kati ya karne ya 7 na ya 16. Ni mabaki ya jikoni, miba iliyotupwa jalalani na watu waliokwisha kusahaulika. Ilipopangwa kwa miaka, picha ilijitokeza wazi. Kabla ya mwaka 1000 hivi, walaji walitegemea zaidi samaki wa maji baridi, yaani yasiyo na chumvi, na wale wanaosafiri kati ya mto na bahari, hasa mikunga na samoni. Kisha, katika miongo michache tu, heringi na chewa wa kaskazini wanafurika majalalani. (Chewa huyu si yule wa miambani tunayemjua pwani, ni samaki mwingine wa bahari za baridi kali. Heringi naye ni wa ukoo mmoja na dagaa wengi wa baharini, ila ni mkubwa zaidi.) Watu wa kisiwa walikuwa wameipa bahari mgongo kwa karne nyingi, na sasa wakaigeukia ndani ya muda wa maisha ya mtu na mjukuu wake.

Katika karne zilizofuata, mabwana wa ardhi na nyumba za watawa wakashika kuchimba mabwawa ya samaki, Uingereza, Ufaransa, Ujerumani hadi Bohemia (sehemu ya Ucheki ya leo). Kwenda baharini na kufuga bwawani husimuliwa mara nyingi kama hadithi mbili zisizojuana. Mimi naziona kama matawi mawili ya shina moja, na shina lenyewe ni mto.

Mfungo unaeleza nini

Jibu linalotolewa upesi ni Kanisa, na lina ukweli mwingi. Mkatoliki wa leo anayeacha nyama Ijumaa za Kwaresima anashika kipande kidogo cha desturi iliyokuwa pana sana. Katika zama za kati nyama ilikatazwa siku 40 za Kwaresima, Ijumaa zote, mahali pengi Jumamosi au Jumatano pia, siku za Majilio na mikesha ya sikukuu kubwa. Ukijumlisha unapata theluthi moja ya mwaka, na penginepo zaidi. Kwa watawa mambo yalikuwa makali zaidi: Kanuni ya Mtakatifu Benedikto, ya karne ya 6, iliwakataza nyama ya wanyama wa miguu minne wakati wote, isipokuwa mgonjwa aliyedhoofika.

Samaki hakuhesabiwa kuwa nyama. Waganga wa wakati ule walimwona kuwa na asili ya ubaridi na umajimaji, chakula kisichochemsha damu wala tamaa. Kwa hiyo kila aliyeweza alimtafuta, na mipaka ya neno "samaki" ikavutwa huku na huku. Mkia wa biva, mnyama wa mtoni mwenye manyoya, uliliwa kama samaki kwa sababu una magamba. Gerald wa Wales aliandika katika karne ya 12 kwamba kuna bata bukini wa pwani za kaskazini wanaozaliwa kwenye magogo yanayoelea baharini, na kwamba kwa sababu hiyo wapo viongozi wa dini waliowala wakati wa mfungo bila wasiwasi. Baadaye Papa Innocent III akawakataza.

Lakini mfungo ulikuwepo karne nyingi kabla ya mwaka 1000. Unaeleza kwa nini watu walimtaka samaki. Hauelezi kwa nini walimfuata mbali wakati ule na si miaka 300 kabla. Hapa pwani yetu inatoa ushahidi mzuri wa kulinganisha. Eréndira Quintana Morales na Mark Horton walichunguza mifupa ya samaki wa miji ya Waswahili ya miaka 700 hadi 1400, ikiwemo Shanga kwenye kisiwa cha Pate. Mwanzoni watu walivua karibu, penye miamba na mikoko. Kadiri karne zilivyosonga, samaki wa nje ya mwamba wakaongezeka, papa wakiwamo. Shanga ilikuwa na msikiti tangu mapema, wala hapakuwa na Kwaresima ya kuwakataza watu mbuzi. Palikuwa na mji uliokua, wenye wageni na matajiri, na vyombo vyenye uwezo wa kuvuka mwamba. Miji ya Ulaya nayo ilikuwa ikivimba. Mji ukikua, kwanza unaula mto wake.

Mto unavyochoka

Mwaka 1085 mfalme William aliamuru nchi aliyoiteka ihesabiwe, na hesabu hiyo, iliyofanywa 1086, ikarekodi vinu vya maji karibu 6,000 Uingereza. Karibu kila kinu kilitaka lambo la kuinua maji yageuze gurudumu. Samoni huzaliwa juu mtoni, hushuka baharini kukua, kisha hurudi kutaga palepale alipozaliwa. Mjengee lambo moja, akiwa na nguvu ataruka. Mjengee kumi mfululizo, ukoo wake utakatika.

Malambo hayakuwa peke yake. Misitu ilifyekwa na majembe ya kukokotwa yakapasua miteremko. Mvua ikibeba udongo, matope yakafunika changarawe safi ambamo samoni na trauti hutaga. Maji ya malambo yalitulia na kupata joto. Mijini, wachinjaji, watengenezaji wa ngozi na waloweka kitani walimwaga kila kitu mtoni. Hivyo samaki wa maji ya baridi na ya kasi wakapungua, na stajoni, samaki mkubwa ambaye sheria ya Uingereza ya karne ya 14 ilimhesabu kuwa mali ya mfalme, akaadimika katika mito mingi.

Aliyefaidi kwa muda ni mkunga, anayependa maji yaliyotulia na matope. Mwenye kinu aliweka mtego kwenye mkondo wake akavua mikunga wanaoshuka, kisha akamlipia bwana kodi kwa mikunga, waliohesabiwa kwa mafungu ya 25. Mji wa Ely, mashariki mwa Uingereza, kwa maelezo ya mtawa Bede aliyeandika katika karne ya 8, ulipata jina lake kutokana na wingi wa mikunga katika vinamasi vyake.

Watu waliona mto unapungukiwa. Magna Carta ya 1215, ambayo wengi huikumbuka kwa haki za kisheria, ina kifungu cha 33 kinachoamuru nyuzio zote za kuvulia zing'olewe kwenye mito ya Thames na Medway na Uingereza nzima, isipokuwa pwani. Nyuzio hizo zilikuwa za fito zilizokatiza mto, ndugu wa wando wetu, na shabaha kubwa ya kifungu ilikuwa kufungua njia ya vyombo. Lakini samaki naye alipata mlango. Ufaransa ilisema wazi zaidi. Katika amri yake ya 1289 mfalme Philip IV alilalamika kwamba mito yote ya nchi, mikubwa kwa midogo, haitoi kitu tena kwa ubaya wa wavuvi na zana wanazobuni, kwamba samaki hawaachwi wakue, na kwamba bei imepanda ikawaumiza matajiri na maskini. Akapiga marufuku baadhi ya zana na kuweka masharti juu ya ukubwa wa matundu ya nyavu.

Anayefuatilia habari za kokoro Ziwa Viktoria ataisoma amri hiyo kama tangazo la wiki iliyopita. Hata baharini malalamiko yalifika. Mwaka 1376 Bunge la Uingereza lilipokea ombi dhidi ya zana mpya iliyoitwa wondyrchoum, wavu wa matundu madogo mno uliokokotwa juu ya sakafu ya bahari. Walalamikaji walisema unang'oa mimea ya chini, unaharibu chaza na kome, na unazoa vifaranga wengi kiasi kwamba wavuvi hawajui wawafanyie nini ila kuwanenepeshea nguruwe. Huwa narudi mara kwa mara kwenye ombi hilo. Waliolileta walijua kabisa mahali samaki mkubwa anapopata chakula chake, karne nyingi kabla ya sayansi ya bahari kupewa jina.

Bwawa la bwana

Mwenye ardhi ambaye mto wake umechoka alikuwa na njia moja ambayo maskini hakuwa nayo: kulifunga bonde lake mwenyewe. Kwa hiyo ufugaji ulianzia juu, kwenye kasri na nyumba za watawa. Wazo la watawa wengi kulisha vijiji kwa samaki wa mabwawa yao ni zuri kulisikia, lakini hesabu zao haziliungi mkono. Nyumba nyingi za watawa zilinunua heringi kwa mapipa kwa ajili ya siku za kawaida. Samaki wa bwawani alisubiri sikukuu na wageni wakubwa.

Uingereza walitofautisha mabwawa ya aina mbili kwa majina ya Kilatini. La kwanza, vivarium, lilikuwa kubwa, la kukuzia. La pili, servatorium, lilikuwa dogo, karibu na jiko, la kuhifadhia samaki hai mpaka siku ya kuliwa. Hili la pili lilikuwa ghala kama kabati la barafu la leo: samaki anabaki mbichi kwa kuwa bado anaogelea. Ndani walikaa brimu na paiki, samaki wa maji baridi wa Ulaya, mikunga na wengineo, mara nyingi wakiwa wamevuliwa mtoni au wameletwa kutoka bwawa la rafiki. Brimu hai ilikuwa zawadi ya heshima. Mfalme Henry III aliwapa watu aliowapendelea brimu wa mabwawa yake wakapande mbegu kwao.

Ujenzi wake mkulima yeyote mwenye lambo ataufahamu. Kwanza bonde lenye udongo usiopitisha maji. Kisha tuta linakatiza bonde, moyo wake ukiwa wa udongo wa mfinyanzi ulioshindiliwa, mteremko wa ndani umezatitiwa kwa mawe au fito ili mawimbi yasiule. Pembeni kuna njia ya kupunguzia maji ya mafuriko, kwa sababu maji yakipita juu ya tuta, tuta limekwenda. Chini kabisa kuna mlango wa maji wa mbao. Huo ndio siri ya kazi nzima, maana bwawa lisiloweza kukaushwa ni shimo la maji tu, huwezi kujua kilichomo wala kukivuna.

Kila baada ya miaka michache mlango ulifunguliwa. Maji yalishuka polepole, samaki wakajikusanya kwenye kina karibu na tuta, watu wakaingia na nyavu na vikapu. Wakubwa walikwenda sokoni au bwawa la jikoni, wazazi wakatengwa, wadogo wakahamishiwa bwawa jingine. Kisha bwawa likaachwa kavu. Jua na hewa viliozesha tope lililorundikana, wadudu waharibifu wakafa, na ardhi ile yenye rutuba ikapandwa nafaka au kulishiwa mifugo kabla ya kujazwa maji tena. Kwenye uwanda wa Dombes, kaskazini mashariki ya Lyon, Ufaransa, mzunguko huu wa maji na ukavu ulishika mizizi tangu karne ya 13, na sheria za huko zikafika mahali pa kushangaza: haki ya bwawa likiwa na maji iliweza kuwa ya mtu mmoja, na haki ya ardhi ileile ikikauka ikawa ya mwingine.

Haya yote yalilindwa vikali. Sheria ya Westminster ya 1275 iliweka kifungo cha miaka 3 kwa mtu atakayepatikana na hatia ya kuvamia hifadhi za wanyama au mabwawa ya watu. Ukiona mtu anafungwa miaka 3 kwa sababu ya bwawa, ujue aliyemo humo si kitoweo cha kila siku. Katika karne ya 15 paiki mmoja mkubwa aliweza kugharimu ujira wa fundi wa siku kadhaa. Kumla ilikuwa ni kuonyesha ardhi yako, maji yako na subira yako, kwani brimu huchukua miaka mingi kufikia ukubwa wa kuliwa.

Mgeni kutoka Danube

Ufugaji wa kweli, wenye kuzalisha na kukuza hatua kwa hatua, ulipata nguvu kwa samaki mmoja: karpi. Asili yake barani Ulaya ni mto Danube na mito inayoingia Bahari Nyeusi. Katika karne ya 6 Cassiodorus, mtumishi wa mfalme Theodoric huko Italia, alimtaja kuwa samaki wa Danube anayefaa meza ya kifalme. Katika karne za kati za zama hizo akaanza kuhamia magharibi, bwawa kwa bwawa, na katika karne ya 13 alikuwa amekwisha kukaa Ujerumani na Ufaransa. Uingereza alichelewa, anaonekana huko katika karne ya 15.

Sifa zake zinafanana mno na zile zinazowafanya wafugaji wetu wapende kambale na perege. Anakula karibu chochote: wadudu, minyoo ya tope, mbegu, majani. Anavumilia maji yenye hewa kidogo ambamo trauti angekufa asubuhi moja. Jike mmoja hutaga mayai mamia ya maelfu. Na akifungwa ndani ya nyasi zilizoloweshwa wakati wa baridi, husafiri kwa mkokoteni saa nyingi akafika hai. Ubaya wa mto, yaani maji ya vuguvugu, yaliyotulia na yenye tope, kwake ulikuwa starehe. Malambo yaliyomfukuza samoni yalimtandikia karpi kitanda.

Wafugaji wakagundua kwamba anataka maji tofauti kwa umri tofauti. Bwawa dogo, la kina kifupi na joto, la kutagia. La kati la vifaranga. Kubwa la kunenepea. Karpi alichukua miaka 3 hadi 5 kutoka yai hadi sokoni. Bohemia ndiyo iliyoifikisha sanaa hii mbali zaidi. Mfalme Charles IV alihimiza uchimbaji wa mabwawa katika karne ya 14, na bwawa kubwa alilolianzisha karibu na Doksy miaka ya 1360 lipo mpaka sasa. Kusini, penye mji wa Třeboň, Štěpánek Netolický alisimamia kati ya 1505 na 1520 uchimbaji wa mfereji wa takribani kilomita 45 unaoyalisha mabwawa mengi kwa mkondo mmoja. Kufika hapo karpi alikuwa biashara. Mabwana wa Bohemia waliuza samaki kwa miji, wakapata faida kuliko mashamba ya nafaka, na samaki wa maji baridi akaanza kushuka kutoka meza ya kasri hadi meza ya mfanyabiashara wa mjini.

Pipa la heringi

Maskini alikula nini siku ya mfungo? Mara nyingi alikula kunde na mkate. Alipopata samaki, alikuwa heringi, na heringi ana tatizo moja kubwa: mafuta. Yanampa utamu na yanamharibu upesi. Asipotiwa chumvi ndani ya siku moja hivi, ameoza. Kwa hiyo habari ya heringi ni habari ya chumvi.

Tayari mwaka 1086 mji wa Dunwich, pwani ya Uingereza, ulitozwa heringi 68,000 kwa mwaka, na Sandwich 40,000 kwa chakula cha watawa wa Canterbury. Lakini ukubwa wa kweli ulikuja pale Skåne, kusini mwa Sweden ya leo, iliyokuwa ya Denmark wakati huo. Kila mwaka, kati ya Agosti na Oktoba, makundi ya heringi yalisogea karibu na fukwe za Skanör na Falsterbo. Fukwe zikageuka mji wa vibanda: wavuvi, mafundi mapipa, wanawake wa kupasua na kutoa matumbo, wafanyabiashara. Chumvi ilitoka chemchemi za Lüneburg, Ujerumani, ikapitia bandari ya Lübeck. Aliyeshika chumvi alishika samaki. Miji ya Hanse, shirikisho la miji ya biashara ya kaskazini mwa Ujerumani, ilielewa hivyo kiasi cha kupigana na mfalme wa Denmark, na mkataba wa Stralsund wa 1370 ukaipa ngome za Skåne na theluthi mbili za mapato yake kwa miaka 15.

Ufundi wenyewe ulikuwa wa kisu kifupi na mkono mwepesi. Matamvua na sehemu ya matumbo vinatolewa kwa mkato mmoja, ila ini na kongosho huachwa, kwa kuwa ndivyo vinavyoivisha nyama ndani ya chumvi. Kisha wanapangwa kwenye pipa, tabaka la samaki, tabaka la chumvi, na pipa linafungwa hewa isiingie. Waholanzi humtaja Willem Beukelszoon wa Biervliet kuwa mwanzilishi wa mkato huo, na mwaka 1556 Charles V, mtawala wa nusu ya Ulaya, alikwenda kulizuru kaburi lake.

Chewa alikuwa na njia yake. Hana mafuta mengi, hivyo upepo unatosha. Kwenye visiwa vya Lofoten, kaskazini mwa Norway, alikatwa kichwa, akafungwa wawili wawili kwa mikia na kutundikwa juu ya fito tangu mwisho wa kipupwe mpaka masika. Ni ng'onda isiyo na chumvi, ngumu kama ubao, inayodumu miaka. Kabla ya kuipika ilipondwa kwa nyundo na kulowekwa. Bandari ya Bergen ndiyo iliyoikusanya, na wafanyabiashara wa Kijerumani wakailipia kwa nafaka ambayo kaskazini haioti. Biashara hiyo ni ya zamani kuliko maandishi yake: mwaka 2017 uchunguzi wa vinasaba ulionyesha kwamba mifupa ya chewa iliyofukuliwa Haithabu, bandari ya Waviking, ya kati ya mwaka 800 na 1066, ilitoka bahari za kaskazini mwa Norway, zaidi ya kilomita 1,000 kutoka hapo.

Uzito wa samaki huyu wa bei nafuu unaonekana hata vitani. Tarehe 12 Februari 1429 jeshi la Ufaransa lilivamia karibu na Rouvray msafara wa Waingereza uliokuwa ukienda kuwalisha wenzao wanaouzingira mji wa Orléans. Kwaresima ilikuwa imewadia, na mikokoteni ilijaa heringi. Waingereza, wakiongozwa na John Fastolf, waliizungusha mikokoteni kuwa boma wakashinda. Pambano hilo huitwa mpaka leo Vita vya Heringi.

Na samaki alipopoteza utetezi wa dini, dola ikamtetea. Waprotestanti walipolegeza mfungo, wavuvi wa Uingereza walikosa soko, na bila wavuvi hakuna mabaharia wa kuitia manowari watu. Mwaka 1563, chini ya Malkia Elizabeth I, Bunge likaagiza Jumatano nazo ziwe siku za samaki, likieleza wazi kwamba shabaha ni vyombo vya baharini na si imani.

Mabwawa mengi ya Uingereza yalifukiwa au yakaota majani baada ya nyumba za watawa kufungwa kati ya 1536 na 1540. Leo yanaonekana kama mabonde yenye tuta lisilo na kazi. Bohemia yaliendelea. Bwawa la Rožmberk, alilolijenga Jakub Krčín kati ya 1584 na 1590 kwa maarifa yaleyale ya zama za kati, bado hufunguliwa mlango wakati wa vuli. Maji hushuka polepole, karpi hujikusanya chini ya tuta, wavuvi huwavuta kwa nyavu na kuwapanga kwa ukubwa. Wiki chache baadaye huwekwa hai kwenye madishi mitaani Praha, na watu hupanga foleni kumchagua wa usiku wa mkesha wa Krismasi, usiku ambao zamani haukuruhusiwa nyama.